Karl Marx: Maisha Yake na Misingi ya Falsafa ya Ukomunisti

Mwanafunzi wa fasihi ya Kiswahili hukutana na Karl Marx mapema katika masomo yake. Aghalabu hukutana naye kama jina la nadharia. Umaksi huorodheshwa pamoja na umuundo, uhalisia na ufeministi. Mhusika tajiri huwekwa upande mmoja na maskini upande wa pili, kisha uhakiki huonekana umekamilika. Hata hivyo, nyuma ya jina hilo palikuwa na mtu aliyeishi miaka 64, akafukuzwa katika nchi kadhaa, akazika watoto wanne wakiwa wadogo, na akaiacha kazi yake kubwa kabla ya kuikamilisha. Falsafa yake ilichipuka kutokana na maswali ambayo maisha yalimlazimisha kuyajibu. Ni vigumu, basi, kuielewa falsafa hiyo bila ya kuyafuata maisha yenyewe.

Waswahili husema kuwa mwenye shibe hamjui mwenye njaa. Methali hii inakaribia sana kiini cha mafundisho ya Marx, kwamba fikra za mtu hutegemea mahali anaposimama katika maisha. Lakini methali hiyo hiyo inazua swali gumu. Marx alikuwa mwana wa wakili, naye mwandani wake, Friedrich Engels, alikuwa mwana wa mwenye viwanda. Iwapo hali ya maisha ndiyo inayoziunda fikra, wenye shibe hawa wawili waliijuaje njaa? Jibu la swali hili limo katika maisha yao, na ndilo linalotenganisha Umaksi ulioeleweka na Umaksi uliokaririwa.

Malezi na Elimu

Karl Marx alizaliwa tarehe 5 Mei 1818 mjini Trier, mji mkongwe ulio kando ya mto Moselle katika jimbo la Rhineland, magharibi mwa Ujerumani ya leo. Jimbo hilo lilikuwa limetawaliwa na Ufaransa kabla ya kukabidhiwa ufalme wa Prussia mwaka 1815. Wazazi wake, Heinrich na Henriette, walitoka katika koo za Kiyahudi zilizokuwa na marabi wengi. Sheria za Prussia zilimnyima Myahudi nafasi ya kuwa wakili. Heinrich, aliyeipenda taaluma yake na aliyekuwa na familia ya kulisha, aliiacha dini ya wazee wake akabatizwa katika kanisa la Kilutheri. Karl na ndugu zake walibatizwa mwaka 1824. Hivyo, kabla mtoto huyo hajaanza kusoma falsafa, nyumba yao ilikuwa imekwisha kuonja jinsi riziki inavyoweza kuigeuza hata imani.

Jirani mmoja wa familia hiyo, Ludwig von Westphalen, alikuwa mtumishi wa serikali mwenye nasaba ya kikabaila na moyo mkunjufu. Ndiye aliyemwonjesha kijana Karl utamu wa Homer na Shakespeare, na mapenzi hayo ya fasihi hayakumtoka Marx hadi kufa kwake. Binti wa mzee huyo, Jenny, aliyemzidi Karl umri kwa miaka minne, alichumbiwa naye mwaka 1836. Uchumba huo ulidumu miaka saba kabla ya ndoa.

Mwaka 1835 Marx alijiunga na Chuo Kikuu cha Bonn kusomea sheria. Mwaka wake wa kwanza ulijaa ulevi, madeni na ugomvi wa vijana, na baba yake akaamua kumhamishia Berlin. Uamuzi huo wa mzazi aliyetaka mwanawe atulie ndio uliomtia katika kitovu cha mjadala mkubwa wa kifalsafa wa zama zile.

Katika Kivuli cha Hegel

Marx alipofika Berlin, Georg Wilhelm Friedrich Hegel alikuwa ameshafariki miaka mitano iliyotangulia, lakini falsafa yake ilikuwa ingali inatawala madarasa na mabaraza ya mji huo. Hegel alifundisha kwamba ulimwengu haujasimama. Uko katika mwendo usiokoma. Kila hali hubeba ndani yake kinyume chake. Mgongano wa hali na kinyume chake huzaa hali mpya iliyo juu zaidi, nayo huanza kugongana na kinyume chake tena. Mwendo huu wa vinyume ndio uitwao dayalektiki. Kwa Hegel, kilichokuwa kikisafiri katika mwendo huo ni Roho, au Fikra, inayojitambua hatua kwa hatua katika historia ya wanadamu. Mtazamo unaoipa fikra nafasi ya kwanza namna hii huitwa udhanifu.

Mwanzoni Marx aliipinga falsafa hiyo. Katika barua ndefu aliyomwandikia baba yake mwezi wa Novemba 1837, alieleza jinsi alivyougua, na jinsi alivyomsoma Hegel wakati wa ugonjwa huo hadi akajikuta amenaswa na fikra alizotaka kuzikimbia. Baba yake, aliyetarajia wakili, hakufurahi. Alifariki miezi michache baadaye, mwaka 1838.

Wafuasi wa Hegel walikuwa wamegawanyika. Wapo walioshikilia kwamba dola ya Prussia ndiyo iliyokuwa kilele cha akili katika historia, na kwa hiyo ilistahili kutiiwa. Wengine, walioitwa Wahegel Vijana, walisema kwamba maadamu kila hali hubeba kinyume chake, dola hiyo nayo haikuweza kuepuka kuhojiwa. Marx aliandamana na kundi hili la pili, hasa mwanatheolojia Bruno Bauer.

Mwaka 1841 alitunukiwa shahada ya uzamifu na Chuo Kikuu cha Jena. Tasnifu yake ililinganisha mafundisho ya Wagiriki wawili wa kale kuhusu maumbile, Democritus na Epicurus. Wote wawili waliamini kwamba vitu vyote vimeundwa kwa atomu. Tofauti ni kwamba kwa Democritus kila kitu kilitawaliwa na ulazima, ilhali Epicurus alidai kuwa atomu zinapoanguka hukengeuka kidogo kutoka katika njia yake. Marx alimpendelea Epicurus kwa sababu mkengeuko huo uliacha nafasi kwa uhuru. Tasnifu hiyo husomwa na wachache siku hizi, lakini swali lake la ulazima na uhuru lilimfuata mwandishi wake maisha yote.

Katika mwaka huo huo wa 1841, Ludwig Feuerbach alichapisha kitabu kuhusu kiini cha Ukristo. Alidai kwamba binadamu huchukua sifa zake bora, kama vile upendo, hekima na uwezo, akamvisha Mungu, kisha akapiga magoti mbele ya sifa zake mwenyewe. Wahegel Vijana walikipokea kitabu hicho kwa shangwe. Marx alijifunza kutoka kwa Feuerbach kwamba falsafa ya Hegel ilihitaji kupinduliwa: fikra ndiyo inayotokana na binadamu anayeishi, wala si binadamu anayetokana na fikra.

Kuni za Msituni

Marx alitarajia kuwa mhadhiri. Matumaini hayo yalizimika mwaka 1842 Bauer aliponyimwa ruhusa ya kufundisha kwa sababu ya maandishi yake kuhusu Injili. Marx aligeukia uandishi wa habari, na ilipofika Oktoba mwaka huo alikuwa mhariri wa gazeti la Rheinische Zeitung mjini Cologne.

Huko ndiko falsafa ilipokutana na maisha ya watu. Bunge la jimbo lilikuwa limejadili sheria ya wizi wa kuni. Tangu jadi, wanavijiji maskini walikuwa na desturi ya kuokota matawi makavu yaliyoanguka msituni. Wenye misitu sasa walitaka kitendo hicho kihesabiwe kuwa wizi na kiadhibiwe. Marx aliandika mfululizo wa makala kuchambua mjadala huo. Alionyesha kwamba tawi lililokufa halikuwa tena sehemu ya mti, na kwamba sheria iliyojidai kuwa ya wote ilikuwa imegeuzwa mtumishi wa mwenye msitu. Mwanzoni mwa mwaka 1843 aliandika pia kuhusu dhiki ya wakulima wa zabibu wa bonde la Moselle, karibu na alikozaliwa.

Makala hayo yalimfikisha njia panda. Hegel alifundisha kwamba dola ni akili inayosimama juu ya tamaa za watu binafsi. Bungeni, Marx aliona tamaa za watu binafsi zikiishika dola kwa mikono miwili. Baadaye alikiri kwamba suala la kuni na la wakulima wa Moselle ndilo lililomsukuma aache sheria na falsafa tupu, aanze kuchunguza uchumi. Serikali iliamuru gazeti lifungwe, na mwisho wa Machi 1843 likafa. Mwezi wa Juni alimwoa Jenny mjini Kreuznach, na ilipofika Oktoba maharusi walikuwa Paris.

Paris na Kazi Iliyotengwa

Paris ilikuwa makao ya wajamaa wa Kifaransa na maelfu ya mafundi wa Kijerumani waliohamia huko kutafuta kazi. Marx alihudhuria mikutano ya wafanyakazi, akafanya urafiki na mshairi Heinrich Heine, na akawasoma wanauchumi wa Uingereza kama Adam Smith na David Ricardo. Katika jarida alilolihariri pamoja na Arnold Ruge mwaka 1844, ambalo lilitoka mara moja tu, alikwenda mbali kuliko Feuerbach. Haikutosha kusema kwamba binadamu ndiye aliyeiunda dini. Ilipaswa kuulizwa ni maisha ya namna gani yanayomfanya binadamu ahitaji faraja hiyo, na maisha hayo yabadilishwe.

Mwaka huo huo aliandika miswada ya kiuchumi na kifalsafa ambayo haikuchapishwa hadi 1932. Humo alifafanua dhana ya kutengwa. Kazi, kwa mtazamo wa Marx, ndiyo inayomtofautisha binadamu na mnyama, kwa kuwa binadamu huyageuza maumbile kwa makusudi na kujiona katika kile alichokiunda. Chini ya ubepari uhusiano huo huvunjika kwa njia nne. Kwanza, mfanyakazi hutengwa na zao la kazi yake, kwa sababu si lake. Pili, hutengwa na kazi yenyewe, kwa sababu huifanya kwa kulazimishwa na njaa, na hujihisi yu hai pale tu anapotoka kazini. Tatu, hutengwa na utu wake, kwa kuwa uwezo wa kuumba umegeuzwa njia ya kupata mkate. Nne, hutengwa na binadamu wenzake. Haya hayakuwa mawazo ya mezani tu. Mwezi wa Juni 1844 wafumaji wa Silesia, waliokuwa wakifa njaa huku wakifuma nguo za kuwavisha wengine, waliasi na kuvunja mitambo kabla ya kuzimwa na jeshi.

Mwisho wa Agosti 1844 Friedrich Engels alipita Paris. Wawili hao walikuwa wamekutana Cologne miaka miwili kabla, lakini safari hii walikaa pamoja kwa siku kumi na kugundua kwamba fikra zao zilikuwa zimefika mahali pamoja kwa njia mbili tofauti. Engels, aliyezaliwa Barmen mwaka 1820, alikuwa amepelekwa na baba yake Manchester kujifunza biashara ya pamba. Badala ya kubaki ofisini alizunguka katika vitongoji vya wafanyakazi akiongozwa na Mary Burns, mwanamke mwenye asili ya Ireland. Kitabu chake kuhusu hali ya wafanyakazi wa Uingereza kilitoka mwaka 1845. Urafiki ulioanza Paris ulidumu karibu miaka arobaini.

Brussels: Uyakinifu wa Kihistoria

Mwanzoni mwa mwaka 1845 serikali ya Ufaransa, kwa shinikizo la Prussia, ilimfukuza Marx. Alihamia Brussels, na kabla ya mwaka huo kwisha aliukana uraia wa Prussia. Tangu hapo hadi kufa kwake hakuwa raia wa nchi yoyote.

Katika miezi hiyo ya uhamishoni ndipo msingi wa falsafa yake ulipokamilika. Katika muswada mrefu walioandika na Engels kuhusu itikadi ya Kijerumani, hoja yao ilianza na jambo ambalo kila mtu analijua na wanafalsafa walikuwa wamelisahau: kabla binadamu hajafikiri, hajaomba na hajatunga sheria, sharti ale, anywe, avae na apate pa kulala. Namna watu wanavyozalisha mahitaji hayo, na mahusiano wanayoingia wakati wa kuzalisha, ndiyo msingi wa jamii. Juu ya msingi huo huinuka sheria, siasa, dini, sanaa na falsafa. Nguvu za uzalishaji zinapokua hadi mahusiano ya zamani yakawa pingu, jamii huingia katika kipindi cha mapinduzi. Mtazamo huu ndio uyakinifu wa kihistoria. Marx alibaki na dayalektiki ya Hegel, yaani mwendo wa vinyume, lakini kinachosafiri katika historia si Roho tena, bali ni watu wanaofanya kazi. Wachapishaji hawakupatikana, na muswada huo uliachwa ukaliwa na panya. Ulichapishwa kwa ukamilifu mwaka 1932.

Hapa ndipo swali la methali linaporudi. Katika mwaka wa 1845 Marx aliandika pia hoja fupi 11 dhidi ya Feuerbach, ambazo Engels alizichapisha mwaka 1888. Alimlaumu Feuerbach kwa kumwona binadamu kama kitu kinachopokea tu, mithili ya udongo unaofinyangwa na mazingira. Ni kweli mazingira humuunda binadamu, lakini binadamu huyo huyo ndiye anayeyabadilisha mazingira, na katika kuyabadilisha hujibadilisha mwenyewe. Kwa hiyo hali ya maisha huweka mipaka na kutoa msukumo. Haimfungi mtu katika jela ya tabaka lake. Engels aliijua njaa kwa sababu alitoka ofisini akaenda kwa wenye njaa. Marx aliijua kwanza kupitia kesi ya kuni, kisha kupitia mikutano ya mafundi wa Paris. Kwa Marx, ukweli wa fikra huthibitishwa katika matendo, na mwanafalsafa anayeishia kufafanua dunia ameifanya nusu tu ya kazi yake. Nafasi ndogo ya uhuru aliyoipenda kwa Epicurus ilikuwa imepata maana mpya.

Mwaka 1847 chama kidogo cha mafundi wa Kijerumani, kilichojulikana baadaye kama Jumuiya ya Wakomunisti, kiliwaomba wawili hao waandike ilani. Ilani ya Chama cha Kikomunisti ilichapishwa London mwezi wa Februari 1848. Iliichora historia kama mapambano ya matabaka, na ikaeleza kwamba ubepari, baada ya kuleta maendeleo makubwa kuliko mfumo wowote uliotangulia, unaliumba tabaka litakaloupindua: wavujajasho wasiokuwa na kitu cha kuuza ila nguvukazi yao. Lililokusudiwa kukomeshwa halikuwa umiliki wa vitu vya matumizi, kama vazi au kitanda cha mtu, bali umiliki unaompa mtu mmoja uwezo wa kunufaika na jasho la wengine. Wengi wanaoupinga ukomunisti, na hata baadhi ya wanaouunga mkono, wamewahi kuyachanganya mambo haya mawili.

London: Umaskini na Mtaji

Mapinduzi yalizuka Paris mwezi huo huo wa Februari 1848 na kuenea Ulaya. Marx alifukuzwa Brussels, akarudi Cologne kuhariri gazeti la Neue Rheinische Zeitung, na mapinduzi yaliposhindwa gazeti likapigwa marufuku. Toleo la mwisho, la tarehe 19 Mei 1849, lilichapishwa kwa wino mwekundu. Agosti mwaka huo aliingia London.

Familia iliishi miaka kadhaa katika vyumba viwili vya mtaa wa Dean, Soho, pamoja na Helene Demuth, mtumishi aliyekuwa kama ndugu. Nguo zilipelekwa kuwekwa rehani mara kwa mara. Mtoto Guido alifariki mwaka 1850. Franziska alifuata mwaka 1852, na pesa za jeneza lake zilitoka kwa mkimbizi wa Kifaransa aliyekuwa jirani. Edgar, aliyekuwa na umri wa miaka minane na kipenzi cha baba yake, alifariki mwaka 1855. Mtoto mwingine alifariki mara tu baada ya kuzaliwa mwaka 1857. Mabinti watatu tu, Jenny, Laura na Eleanor, ndio waliofikia utu uzima.

Waliosalimika walisalimika kwa msaada wa Engels. Mwaka 1850 alirudi Manchester katika kampuni ya pamba ya familia yake, kazi asiyoipenda, na kwa karibu miaka ishirini akawa anamtumia rafikiye fedha. Ukinzani huu haufichiki: uchambuzi mkali kuliko wote wa mtaji uligharimiwa kwa faida ya kiwanda. Marx na Engels hawakuona kwamba wangeweza kusimama nje ya jamii waliyoichambua.

Kipato kingine kilitokana na makala za gazeti la New York Daily Tribune. Baadhi ya makala hizo, za mwaka 1853, zilihusu India. Humo Marx alilaani ukatili wa Waingereza, lakini pia alidhani kwamba ukoloni ulikuwa ukiivunja jamii ya kale iliyodumaa na kufungua njia ya maendeleo. Msomaji wa bara lililotawaliwa ana haki ya kuukosoa mtazamo huo. Hata hivyo, Marx hakukwama hapo. Mwaka 1881, alipoulizwa na mwanamapinduzi wa Kirusi Vera Zasulich iwapo kila jamii ililazimika kupitia ubepari, alijibu kwamba maelezo yake kuhusu chimbuko la ubepari yaliihusu Ulaya Magharibi, na kwamba umiliki wa pamoja wa ardhi vijijini ungeweza kuwa nguzo ya ujenzi mpya wa jamii ya Kirusi. Mzee huyo alikuwa amejikosoa kuliko wengi wa wafuasi wake.

Siku nyingi alizitumia katika chumba cha kusomea cha Makumbusho ya Uingereza. Mwaka 1864 alishiriki kuanzisha Jumuiya ya Kimataifa ya Wafanyakazi, na mwaka 1867 juzuu ya kwanza ya Mtaji ilitoka Hamburg, nakala 1,000. Kitabu hicho kinaanza na bidhaa. Bidhaa ina thamani ya matumizi na thamani ya kubadilishana, na hii ya pili hutokana na kiasi cha kazi kinachohitajika kijamii kuizalisha. Nguvukazi nayo ni bidhaa, lakini ya ajabu, kwani huzalisha thamani kubwa kuliko ile inayoigharimu. Mathalani, mfanyakazi wa saa 12 akizalisha thamani ya ujira wake katika saa sita, saa sita zinazobaki humzalishia mwajiri bila malipo. Hiyo ndiyo thamani ya ziada. Unyonyaji, kwa hiyo, hauhitaji mwajiri mwenye roho mbaya. Hutokea hata pale ambapo mkataba umeheshimiwa na ujira umelipwa kwa wakati. Hoja hii inamtofautisha Marx na wahubiri wa maadili waliomtangulia. Mwishoni mwa juzuu hiyo alieleza mtaji wa kwanza ulivyokusanywa: wakulima wa Uingereza kunyang'anywa ardhi, wenyeji wa Marekani kuangamizwa, na Waafrika kuwindwa na kuuzwa utumwani.

Mwaka 1871 wafanyakazi wa Paris waliutawala mji wao kwa siku 72 kabla ya kumwagiwa damu, na Marx akaitetea Komyuni hiyo hadharani. Mwaka 1875, akiukosoa mpango wa chama cha wafanyakazi wa Ujerumani, alitofautisha hatua mbili za jamii ya baadaye: ya kwanza, ambamo kila mtu hupokea kulingana na kazi yake, na ya juu zaidi, ambamo mahitaji ya mtu ndiyo yatakuwa kipimo. Zaidi ya mistari michache kama hiyo, hakuacha ramani ya jamii ya kikomunisti.

Kifo na Urithi

Jenny alifariki tarehe 2 Desemba 1881. Marx mwenyewe alikuwa mgonjwa kiasi cha kushindwa kuhudhuria maziko. Madaktari walimshauri atafute joto, na kuanzia Februari hadi Mei 1882 alikaa Algiers, mara pekee alipokanyaga ardhi ya Afrika. Januari 1883 binti yake mkubwa alifariki. Miezi miwili baadaye, tarehe 14 Machi 1883, Marx alikata roho akiwa ameketi kitini. Alizikwa katika makaburi ya Highgate, London, mbele ya waombolezaji wapatao kumi na mmoja. Engels alihariri juzuu ya pili na ya tatu za Mtaji, zilizotoka mwaka 1885 na 1894, naye akafariki mwaka 1895.

Miaka 34 baada ya maziko hayo, mapinduzi ya Urusi ya mwaka 1917 yalifanyika kwa jina lake, na ya China yakafuata mwaka 1949. Chini ya baadhi ya dola zilizojiita za Kimaksi, mamilioni ya watu walikufa kwa njaa, kambi na mauaji, na Muungano wa Kisovieti ukasambaratika mwaka 1991. Wapo wanaosema mbegu ya udikteta ilikuwa ndani ya nadharia, hasa katika wazo la utawala wa mabavu wa wavujajasho. Wengine hujibu kwamba aliyeanza safari yake kwa kuuchukia udhibiti wa magazeti hangeitambua dola iliyofunga magazeti yote. Mjadala huo hauwezi kufungwa kwa kumtakasa Marx wala kwa kumlaani. Katika Afrika Mashariki, Julius Nyerere alipoandika kuhusu ujamaa mwaka 1962 aliukataa mgongano wa matabaka kuwa chanzo cha ujamaa wa Kiafrika, akauweka msingi wake katika familia pana. Kwa upande wa fasihi, riwaya kama vile Kuli ya Shafi Adam Shafi na Dunia Mti Mkavu ya Said Ahmed Mohamed hazisomeki vyema bila dhana za tabaka, unyonyaji na mwamko.

Ni katika kuzisoma kazi kama hizo ndipo maisha ya Marx yanapokuwa na faida kwa mhakiki. Sura ya mwisho ya juzuu ya tatu ya Mtaji ilikusudiwa kueleza tabaka ni nini. Marx aliuliza swali, akaandika aya chache, kisha muswada ukakatika. Dhana inayotumiwa kwa wepesi mkubwa katika tasnifu na mitihani ndiyo ambayo mwenyewe hakumaliza kuifafanua. Mhakiki anayemweka mhusika upande huu au ule na kuishia hapo amemrudisha binadamu kwenye udongo wa Feuerbach, unaofinyangwa bila kufinyanga. Inafaa aulize pia mhusika huyo anafanya nini na hali aliyoikuta, na kwa njia gani mwenye shibe, mara mojamoja, hutoka nyumbani kwake akaenda kumjua mwenye njaa.